Mpira wa Machi na Jasho la Vijana

Iko nchi moja ambako kila mwaka, ifikapo wiki ya tatu ya mwezi wa Machi, kazi maofisini hulegea bila ya mgomo wowote kutangazwa. Nchi hiyo ni Marekani, na sababu ya kulegea huko ni mpira wa kikapu: si ule wa wachezaji wa kulipwa ambao majina yao yameenea duniani, bali ule wa vijana wa vyuo vikuu. Siku ya Alhamisi, muda mfupi baada ya saa sita mchana kwa saa za huko, raundi ya kwanza huanza, na mpaka usiku wa manane wa Ijumaa timu 32 huwa zimekwisha tolewa. Karani hukaa mezani, jicho moja kwenye hesabu na la pili kwenye matokeo. Kampuni ya televisheni ya CBS, ilipoanza kuonyesha michezo hiyo katika intaneti, iliwawekea watazamaji kitufe cha kuwaokoa: mkubwa wa kazi akitokea mlangoni, kitufe kikibonyezwa mpira hutoweka na mahali pake hutokea jedwali la hesabu, kana kwamba mtu alikuwa akijenga taifa tangu asubuhi.

Wamarekani wenyewe huyaita majira hayo wazimu wa Machi. Asiyeyafahamu aweza kudhani ni upuuzi wa watu walioshiba. Walakini ayafuataye hata kwa mwaka mmoja huona kwamba wazimu huo una sababu zake. Sisi tuliolelewa katika ligi za kandanda twajua kwamba ligi ni mwalimu mpole: timu ikifungwa leo, hupata wiki ijayo ya kujirekebisha. Mashindano haya hayana wiki ijayo. Timu ikishindwa mara moja hufunga mizigo. Kijana wa mwaka wa nne, ambaye hatakwenda kucheza mpira wa kulipwa, huvua jezi usiku huo na pengine asiivae tena maishani. Ndiyo maana kila mchezo humalizika kwa vijana wengine kurukaruka na wengine kujifunika nyuso kwa taulo, na shabiki hana budi kuyatazama yote mawili kwa pamoja.

Mambo yalianza kwa udogo. Mwaka 1939 zilishindana timu 8 tu, na Oregon ikawa bingwa kwa kuishinda Ohio State pointi 46 kwa 33. Baadaye timu zikafika 16 mwaka 1951, 32 mwaka 1975, 64 mwaka 1985, na 68 mwaka 2011. Hugawanywa katika kanda nne, na katika kila kanda hupangwa kwa namba tangu 1, iliyo bora, hadi 16, iliyo dhaifu. Namba 1 hukutana na 16, namba 2 hukutana na 15, na kadhalika. Jumapili ratiba itangazwapo, mamilioni ya watu huketi na karatasi zao na kubashiri mshindi wa kila mchezo mpaka fainali. Hapo bibi ambaye hajapata kuushika mpira hushindana na mtaalamu, na si ajabu bibi akamshinda mtaalamu kwa kuchagua timu kufuata rangi za jezi. Anayetaka kuipatia michezo yote 63 kwa kurusha sarafu ana bahati moja katika namba yenye tarakimu 19. Mwaka 2019 shabiki mmoja wa jimbo la Ohio alipatia michezo 49 ya mwanzo bila kukosa hata mmoja. Wa 50 ukamwangusha.

Karatasi hiyo ndiyo imfungayo shabiki na vyuo asivyovijua. Mtu wa pwani ya mashariki hujikuta akipiga kelele kwa ajili ya chuo kilicho katika mji ambao hawezi kuuonyesha katika ramani, na kwa saa mbili vijana wa chuo hicho huwa watoto wake.

Tena moyo wa shabiki huelekea upande wa mnyonge. Tangu mwaka 1985, timu yenye namba 16 ilikuwa imekutana na namba 1 mara 135 katika mashindano ya wanaume, na mara zote 135 ilikuwa imeshindwa. Tarehe 16 Machi, 2018, katika mji wa Charlotte, chuo cha Maryland kilichoko Baltimore County kilikutana na Virginia, timu iliyohesabiwa kuwa bora kupita zote mwaka huo. Walipokwenda mapumziko walikuwa sare, 21 kwa 21. Mpira ulipokwisha, mnyonge alikuwa na 74, mkubwa 54. Virginia walirudi mwaka uliofuata na kuchukua ubingwa, jambo ambalo husahauliwa na wale wapendao kuwacheka. Mwaka 2022 ikatokea Saint Peter's, chuo kidogo cha Jersey City kilichopewa namba 15. Kikaitoa Kentucky, moja ya timu tajiri na kongwe kabisa, kwa 85 kwa 79 katika muda wa nyongeza, kikaitoa Murray State, kikaitoa Purdue, kikafika katika nane za mwisho, mahali ambapo hakuna namba 15 iliyokuwa imefika kabla yake.

Mchezo ambao wazee wa mpira huo hawachoki kuusimulia ni fainali ya mwaka 1983 mjini Albuquerque. Houston walikuwa na kijana wa Lagos, Hakeem Olajuwon, na karibu kila mtu alikuwa amewapa kombe kabla ya kuingia uwanjani. North Carolina State waliwashika mpaka sekunde za mwisho, 52 kwa 52. Dereck Whittenburg akarusha mpira kutoka mbali sana, ukapungua njiani, Lorenzo Charles akaudaka hewani, akautumbukiza, na saa ikaisha. Mwalimu wao, Jim Valvano, alionekana akikimbia huku na huku uwanjani akitafuta mtu wa kumkumbatia asimpate. Olajuwon akatajwa kuwa mchezaji bora wa mashindano ijapokuwa timu yake ilishindwa, na kwa njia yake Waafrika wengi wakafahamu kwa mara ya kwanza kwamba mashindano hayo yapo.

Kwetu Tanzania yalifika kwa nguvu mwaka 2009. Hasheem Thabeet, kijana wa Dar es Salaam mwenye urefu wa mita 2.21, alikuwa akiichezea Connecticut mwaka wake wa tatu. Kazi yake kubwa ilikuwa kukaa chini ya kikapu na kuizuia mipira ya wapinzani hewani, na msimu huo alifanya hivyo kwa wastani wa zaidi ya mara nne kwa mchezo. Mwaka uliotangulia timu yake ilikuwa imetolewa raundi ya kwanza na San Diego kwa pointi moja, 70 kwa 69, katika muda wa nyongeza. Safari hii ilipita mpaka katika nne za mwisho, ikacheza mjini Detroit mbele ya watazamaji zaidi ya 70,000, ikashindwa na Michigan State 82 kwa 73. Miezi miwili na kitu baadaye akachaguliwa wa pili katika orodha ya vijana waingiao mpira wa kulipwa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza huko. Tangu hapo wapenzi wa mpira wa kikapu nchini mwetu wamejifunza kuhesabu saa kinyume: fainali inayochezwa huko Jumatatu usiku huanza kwetu mnamo saa 10 alfajiri ya Jumanne, wakati mwokaji mikate na dereva wa basi la kwanza wamekwisha amka.

Sasa tuulize swali ambalo mfanyakazi yeyote huliuliza aonapo watu wengi wamekusanyika na fedha nyingi zikipita: je, anayefanya kazi hapa ni nani, na hulipwa nini? Kwa kanuni za mwaka 2009, Thabeet na wenzake hawakuruhusiwa kupokea hata senti moja ya mshahara. Malipo yao yalikuwa ada ya chuo, chumba na chakula. Mwaka uliofuata, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, kiitwacho kwa kifupi NCAA, kiliyauza matangazo ya mashindano haya kwa miaka 14 kwa dola bilioni 10.8. Mwaka 2016 mkataba ukaongezwa miaka 8 zaidi, hadi mwaka 2032, kwa dola bilioni 8.8 nyingine. Walimu wa timu hawakusahauliwa katika mgawo. Katika majimbo mengi ya Marekani mtumishi wa umma mwenye mshahara mkubwa kupita wote, akimzidi hata gavana, ni mwalimu wa mpira wa chuo.

Yafaa ifahamike kwamba hali hiyo haikujileta yenyewe. Ilijengwa, na jiwe lake la msingi lilikuwa neno. Mwaka 1955 mchezaji wa chuo cha Fort Lewis A&M, huko Colorado, aliumia kichwa katika mpira wa Kimarekani, akafa. Mjane wake akadai fidia kama mjane yeyote wa mtu aliyefia kazini. Mwaka 1957 mahakama ya juu ya jimbo hilo ikamnyima, kwa hoja kwamba chuo hakikuwa katika biashara ya mpira. Miaka hiyo hiyo NCAA, chini ya mkuu wake Walter Byers, ilieneza jina la "mwanamichezo mwanafunzi" na kuvitaka vyuo vilitumie kila mahali badala ya "mchezaji". Byers mwenyewe, baada ya kustaafu, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1995 kwamba jina hilo lilibuniwa kwa kuhofia wachezaji wasije wakahesabiwa kuwa ni wafanyakazi. Mtu asiye mfanyakazi hana mshahara, hana fidia, hana chama. Waajiri wa kila nchi wamejaribu hila nyingi. Hii ya kumwita mtu mwanafunzi ili asidai ni miongoni mwa zile zilizofanikiwa kwa muda mrefu kabisa.

Shabiki hakuambiwa hayo, wala hakuyauliza. Mwezi wa Aprili, 2014, Connecticut wakawa mabingwa kwa kuishinda Kentucky 60 kwa 54, na nyota wao Shabazz Napier, akizungumza na waandishi wa habari, akasema kwamba kuna siku hulala na njaa. Wazia jambo hilo, ndugu: jezi yenye namba yake inauzwa dukani, uwanja umejaa watu kwa maelfu, na mwenye namba hiyo amelala bila chakula cha usiku. Siku chache baadaye kanuni ya chakula ikalegezwa. Haikulegezwa kwa sababu wakubwa walipata huruma usiku mmoja. Ililegezwa kwa kuwa kijana alisema maneno yake mbele ya kamera katika wiki ambayo nchi nzima ilikuwa ikimsikiliza.

Wengine walikwenda mahakamani. Ed O'Bannon, bingwa wa mwaka 1995 akiwa na UCLA, alijiona ndani ya mchezo wa kompyuta: kimo chake, namba yake, hata namna yake ya kurusha mpira kwa mkono wa kushoto. Mchezo huo uliuzwa madukani, naye hakuwa ameulizwa wala kulipwa. Akashitaki mwaka 2009, na mwaka 2014 jaji akamwunga mkono kwa sehemu kubwa. Tarehe 21 Juni, 2021, majaji wote tisa wa Mahakama ya Juu Kabisa ya Marekani walikubaliana, katika kesi nyingine iliyofunguliwa na wachezaji, kwamba NCAA haiko juu ya sheria zinazokataza waajiri kula njama ya kubana malipo. Siku kumi baadaye wachezaji wakaruhusiwa kupata fedha kwa majina na sura zao. Na mwezi wa Juni, 2025, mahakama ikaidhinisha makubaliano ya dola bilioni 2.8 kwa wachezaji wa miaka iliyopita, pamoja na ruhusa kwa vyuo kuwagawia wachezaji wao moja kwa moja, kila chuo mpaka dola milioni 20.5 hivi kwa mwaka wa kwanza.

Basi sasa utawasikia mashabiki wakilalamika. Ati mchezo umeharibika. Ati vijana hawana tena utiifu, maana tangu mwaka 2021 kanuni za kuhama chuo zimelegezwa sana, na timu ya mwaka huu si ile ya mwaka jana. Malalamiko hayo si ya uongo mtupu. Anayependa timu hupenda kuzijua sura, na ni vigumu kumpenda mtu aliyefika mwezi wa Septemba na kuondoka mwezi wa Aprili. Lakini mashabiki hao hao walikuwa wapi walimu walipokuwa wakihama kila mwaka kufuata mishahara minono, wakiwaacha nyuma vijana waliowashawishi wajiunge nao? Mwalimu akihama walisema amepata maendeleo. Mchezaji akihama wasema amesaliti. Mizani yenye mawe mawili haimfai mtu anayejiita mpenzi wa mchezo.

Wala si mara ya kwanza mashabiki kuambiwa kwamba haki itauharibu mpira. Mwaka 1963 timu ya Mississippi State, yote ya wazungu, ilipata nafasi ya kucheza na Loyola ya Chicago, ambayo wanne katika watano wake wa kuanzia walikuwa weusi. Wakuu wa jimbo la Mississippi hawakutaka, na mahakama ikatoa amri ya kuizuia safari. Timu ikaondoka jimboni kwa siri kabla ya amri kuifikia. Tarehe 15 Machi, mjini East Lansing, manahodha wawili, Jerry Harkness mweusi na Joe Dan Gold mzungu, wakapeana mikono katikati ya uwanja, na taa za wapiga picha zikamulika pande zote. Loyola wakashinda 61 kwa 51, kisha wakachukua ubingwa wenyewe. Miaka mitatu baadaye, tarehe 19 Machi, 1966, Texas Western chini ya Don Haskins iliingia fainali na kuwachezesha weusi peke yao dhidi ya Kentucky, ambayo haikuwa na mweusi hata mmoja. Bobby Joe Hill alipokonya mpira mara mbili mfululizo mikononi mwa walinzi wa Kentucky na kufunga. Matokeo yakawa 72 kwa 65. Baada ya usiku huo ikawa vigumu mno kwa vyuo vya kusini kuendelea kuwafungia weusi milango, maana hata asiyejali haki hujali kushindwa.

Akina dada nao wana hesabu yao. Mashindano yao chini ya NCAA yalianza mwaka 1982. Mwaka 2021, mashindano yalipokusanywa mahali pamoja kwa ajili ya ugonjwa wa korona, wanaume waliwekewa Indiana ukumbi mzima wa mazoezi ya viungo, na wanawake huko San Antonio wakawekewa rafu moja ya vyuma vidogo. Sedona Prince, mchezaji wa Oregon, alichukua picha akaionyesha dunia, na vifaa vikapatikana haraka ajabu kwa chama kilichosema hapana nafasi. Miaka mitatu baadaye fainali ya wanawake, South Carolina wakiishinda Iowa ya Caitlin Clark 87 kwa 75, ilitazamwa na watu karibu milioni 19 huko Marekani, na ile ya wanaume na milioni 15 hivi. Hata hivyo ni mwaka 2025 tu ndipo ligi za timu za wanawake zilipoanza kupewa mgawo wa fedha kwa kila mchezo wanaocheza katika mashindano, kama zilivyopewa za wanaume kwa miongo mingi.

Nimeacha kwa makusudi habari ya chuo cha Dartmouth mpaka mwisho. Hicho ni chuo kilichofika fainali mara mbili, mwaka 1942 na 1944, na kushindwa zote mbili. Tangu mwaka 1959 hakikuonekana tena katika mashindano, na timu yake ya wanaume ilikuwa moja ya zile dhaifu kabisa. Wachezaji wake hawapewi hata msaada wa ada kwa ajili ya mpira. Lakini mwezi wa Februari, 2024, ofisa wa bodi ya taifa ya mahusiano kazini aliamua kwamba vijana hao ni wafanyakazi, na tarehe 5 Machi, wiki chache kabla ya nchi kuingia katika wazimu wake, wachezaji wote 15 wakapiga kura. Kumi na watatu walitaka chama cha wafanyakazi, wawili walikataa. Wakajiunga na tawi lile lile la wafanyakazi wa chuo. Chuo kikakataa kukaa nao mezani. Mwisho wa mwaka huo, baada ya uchaguzi wa Marekani kuonyesha kwamba bodi hiyo ingepata wajumbe wa mwelekeo mwingine, chama kiliiondoa hati ya maombi ili uamuzi mbaya usije ukawafunga wachezaji wa vyuo vyote, na neno la kwamba mchezaji ni mfanyakazi au siye likabaki bila kuamuliwa.

Baadhi ya wale kumi na watatu walikwisha maliza masomo wakaondoka bila ya kuketi na mwajiri hata siku moja.